Nikubali nafasi katika filamu kali bila kuonyeshwa mswada wote?

Swali: Assalamu alaykum, Mwalimu. Mimi ni mwigizaji wa kike wa miaka 23, mkaazi wa Kisauni. Kwa sasa nazunguka na kikundi chetu katika shule za upili tukiigiza vitabu teule, na mimi ndiye Sara katika tamthilia ya Bembea ya Maisha. Mwelekezi mmoja wa filamu anayejitegemea aliniona jukwaani, na sasa anataka niwe mhusika mkuu wa filamu anayoiita kali, ya kuvunja miiko, ambayo anakusudia kuipeleka kwenye matamasha ya ng'ambo. Najua itakuwa na damu, matusi na onyesho la mwanamke kudhalilishwa, lakini mswada wote hataki kunipa. Anasema nikijua yote mapema, hisia zangu hazitakuwa za kweli. Je, yuko mwigizaji aliyejenga kazi ya kudumu kwa filamu za aina hii, au nikikubali nitakuwa nimejiharibia?

Jibu: Wa alaykum salaam, mwanangu. Wako waigizaji waliojenga kazi ya kuheshimika kwa filamu za kuvunja miiko, na wako ambao filamu moja tu iliwavuruga maisha. Nimefundisha uigizaji hapa Mombasa kwa miaka mingi, na kila nikilinganisha waliosimama na walioanguka, sioni kwamba ukali wa filamu ndio uliowatenganisha, kwa sababu baadhi ya waliosimama walifanya mambo makali kuliko walioanguka. Kilichowatenganisha ni kama mwigizaji alijua, kabla kamera haijawashwa, atafanya nini, atafanya na nani, na kama angesema hapana angesikilizwa. Kwa hiyo hilo la mswada, ambalo umelitaja kana kwamba ni jambo dogo, kwangu mimi ndilo swali lenyewe.

Nianze na aliyekwenda mbali kuliko karibu wote. Harris Glenn Milstead alizaliwa mwaka 1945 katika jiji la Baltimore nchini Marekani, na ulimwengu wa sinema unamjua kwa jina la Divine. Alikuwa mwanamume aliyepata umaarufu kwa kuigiza nafasi za kike. Sisi tumezoea kuona mwanamume akivishwa leso katika vichekesho vya runinga ili watu wacheke, lakini Divine hakuishia hapo: wanawake aliowaigiza walikuwa na hasira, tamaa, majivuno na uchungu wao wenyewe. Filamu zake nyingi alizifanya na mwelekezi John Waters, rafiki yake tangu ujana, pamoja na kundi la marafiki waliokuwa wakirudi filamu baada ya filamu: Mink Stole, Mary Vivian Pearce, Edith Massey, David Lochary, Cookie Mueller. Mrembaji wao, Van Smith, alimnyoa Divine nywele za mbele hadi katikati ya utosi ili apate nafasi ya kumchorea nyusi za kupaa, na uso ule ukawa alama yake.

Filamu iliyomtangaza ni Pink Flamingos ya mwaka 1972, iliyotengenezwa kwa kiasi cha dola 10,000 hivi. Mwishoni mwake Divine anaokota kinyesi cha mbwa na kukitia kinywani, na kamera haikukatwa kati ya mbwa na kinywa, ili mtazamaji asipate pa kusema kwamba alidanganywa. Nalitaja onyesho hilo, ingawa ni la kuchukiza, kwa sababu ndilo linalotajwa kila filamu kali zinapozungumzwa, na kwa sababu mwelekezi wako huenda akakutolea mfano huo. Akikutolea, mkumbushe kwamba Divine aliambiwa mapema, akakubali mapema, na aliyesimama nyuma ya kamera alikuwa rafiki wa miaka. Hakuviziwa. Hata hivyo alilipa gharama yake. Imesimuliwa kwamba baadaye alipiga simu hospitali akijifanya mama ambaye mwanawe amekula kinyesi cha mbwa, ili ajue kama kuna hatari. Kisha kwa miaka yote iliyobakia, popote alipokwenda, waandishi walimuuliza habari ya mbwa kabla ya kumuuliza habari ya uigizaji. Dakika moja ya filamu iliandamana naye hadi kaburini, na hilo linafaa kupimwa na kila mwigizaji hata pale ambapo hakuna aliyemlazimisha.

Ninalotaka ulitazame kwa makini ni alichofanya baada ya hapo, kwa kuwa hapo ndipo kazi ilipojengwa. Katika Female Trouble ya mwaka 1974 aliigiza mhusika mkuu wa kike, na humo humo akaigiza mwanamume anayempa mimba mhusika huyo. Alijifunza kuruka kwenye trampolini kwa ajili ya onyesho moja, akaruka yeye mwenyewe akiwa amevaa nguo na wigi la mhusika, na uzito wa mwili wake haukumzuia. Katika Polyester ya mwaka 1981 alipunguza makelele yote na kuigiza mama wa nyumbani anayeonewa na mumewe na wanawe, akiwa pamoja na Tab Hunter, mwigizaji aliyekuwa kipenzi cha vijana wa Marekani katika miaka ya 1950. Mwaka 1985 alitokea katika Trouble in Mind ya Alan Rudolph kama jambazi, akiwa na suti yake, bila wigi wala rangi usoni. Na mwaka 1988 akaigiza Edna Turnblad, mama mpole anayepiga nguo pasi na kumhangaikia bintiye, katika Hairspray, filamu ambayo familia nzima inaweza kuketi ikaitazama. Wahakiki walimsifu. Majuma machache baada ya filamu hiyo kutoka, tarehe 7 Machi 1988, alifariki usingizini katika hoteli ya Los Angeles kwa maradhi ya moyo, akiwa na miaka 42, kesho yake akitarajiwa kurekodi kipindi cha runinga ambamo angeigiza mwanamume. Maktaba ya Bunge la Marekani imeziingiza Pink Flamingos na Hairspray katika orodha ya filamu za kuhifadhiwa kitaifa, ya kwanza mwaka 2021 na ya pili mwaka 2022.

Kwa hiyo jibu la sehemu ya kwanza ya swali lako ni ndiyo, yuko. Lakini iangalie njia aliyoipita: ukali ulimfungulia mlango, na kilichombakisha ndani ni kwamba kila filamu ilionyesha jambo ambalo iliyotangulia haikulionyesha. Mwigizaji anayejulikana kwa kustahimili tu huitwa kustahimili tena na tena, kila safari kwa makali zaidi, hadi apatikane kijana mwingine mwenye kustahimili zaidi yake.

Sasa tuje kwa upande wa pili, ambao kwa hali yako ndio ninaouhofia. Mwaka 1972, Bernardo Bertolucci alitengeneza Last Tango in Paris. Mhusika wa kike alikuwa Maria Schneider, Mfaransa wa miaka 19, na mwenziwe alikuwa Marlon Brando, nyota aliyemzidi umri kwa miaka 28. Katika onyesho moja mhusika wa Brando anamwingilia kwa nguvu mhusika wa Schneider, akitumia siagi. Kitendo chenyewe kiliigizwa, lakini habari ya siagi haikuwa kwenye mswada: Bertolucci na Brando waliipanga asubuhi ya siku ile ile, na binti hakupewa nafasi ya kuifikiria. Miaka mingi baadaye, mwaka 2013, Bertolucci alieleza kwamba alitaka kuona hisia zake kama msichana, si kama mwigizaji. Aliongeza kwamba alijisikia na hatia, ila hajuti.

Soma tena maneno uliyoambiwa na mwelekezi wako, kisha uyaweke kando ya hayo ya Bertolucci. Ni hoja moja.

Schneider mwenyewe alisema mwaka 2007 kwamba alijisikia kudhalilishwa, kwamba machozi yanayoonekana kwenye filamu yalikuwa yake ya kweli, na kwamba baada ya onyesho hilo Brando hakumfariji wala kumwomba radhi. Alisema pia jambo ambalo huwasomea wanafunzi wangu kila mwaka: kwamba angepaswa kumpigia simu wakala wake au wakili aje pale pale, kwa sababu mtu hawezi kulazimishwa kufanya jambo lisilokuwamo kwenye mswada, lakini wakati ule hakulijua hilo. Miaka iliyofuata ilikuwa ya dawa za kulevya na misukosuko. Aliigiza vizuri sana katika The Passenger ya Michelangelo Antonioni, mwaka 1975, akiwa na Jack Nicholson; alikataa nafasi za kuvuliwa nguo; akawa mtetezi wa wanawake katika kazi ya filamu; akafariki mwaka 2011. Kipaji hakikumpungukia. Alichonyimwa ni kujua.

Na hoja yenyewe, mwanangu, ni dhaifu kisanaa, achilia mbali kwamba ni ya kikatili. Wewe unajua Sara anaugua, unajua mumewe atamwambia nini na yeye atajibu nini, na maneno yale umeyasema katika shule moja baada ya nyingine. Wanafunzi wanaokutazama wanajua pia, kwa kuwa kitabu wanakisoma kwa ajili ya mtihani. Bado ukumbi hunyamaza ukifika pale panapouma. Huko ndiko kuigiza: kulipokea upya, mbele ya watu, jambo unalolijua tangu mwanzo hadi mwisho. Mwelekezi anayehitaji kukushtua ili apate chozi hajui kuelekeza, na anataka upungufu wake ulipwe na mwili wako.

Ipo pia gharama ambayo haitoki kwa mwelekezi bali kwa jamii, na hiyo haigawanywi sawa baina ya mwanamume na mwanamke. Mwaka 1976, Nagisa Oshima wa Japani alitengeneza In the Realm of the Senses, ambamo Eiko Matsuda na Tatsuya Fuji walifanya matendo ya ndoa kweli mbele ya kamera. Sheria ya Japani ilikuwa kali kiasi kwamba filamu ghafi ilipelekwa Ufaransa kusafishwa picha. Wote wawili walijua walichokubali, na kisanaa ni kazi nzito. Lakini magazeti ya kwao yalimwandama Matsuda. Nafasi zikawa chache, akahamia Ulaya, akaacha kuigiza, na alipofariki mwaka 2011 wengi walikuwa hawamjui. Fuji aliendelea na kazi, na mwaka 2023, akiwa amepita miaka 80, alishinda tuzo ya uigizaji bora katika tamasha la San Sebastián nchini Uhispania. Filamu ni moja, usiku ni ule ule. Nalisema hili kwa uchungu na silisemi ili kukutisha, bali kwa sababu wewe unaishi Kisauni, una mama, una majirani, na kazi yako ya sasa inategemea walimu wakuu wanaokufungulia lango la shule. Mwenzio wa kiume katika filamu hiyo huenda akapongezwa barazani kwa jambo lile lile ambalo wewe utaulizwa kwalo.

Hata pale ambapo hakuna hila wala aibu, mwili hudai haki yake. Isabelle Adjani alishinda tuzo ya mwigizaji bora wa kike katika tamasha la filamu la Cannes, Ufaransa, mwaka 1981, na Possession ya Andrzej Żuławski ilikuwa moja ya filamu mbili alizoshindia. Humo mna onyesho la njia ya chini ya ardhi ya kituo cha treni mjini Berlin: mwanamke amebeba mfuko wa vyakula, anacheka, anaanza kupiga mayowe, anaubamiza mfuko ukutani hadi maziwa yanamrukia, kisha anagaagaa sakafuni kwa dakika kadhaa damu na ute vikimtoka. Kila mara nikilionyesha darasani, wapo wanaodhani ni wazimu wa papo hapo. Mimi huwaambia watazame miguu na pumzi: kila hatua ina mahali pake, na mtu asiyejua anakokwenda angeishiwa nguvu mapema. Hata hivyo Adjani amesema mara kadhaa kwamba nafasi ya namna ile mtu huifanya akiwa kijana, na hangekubali tena. Hakuna hata kikundi kimoja ninachokijua hapa pwani ambacho huweka siku za mapumziko baada ya onyesho zito, na hilo ni kosa letu sote tunaofundisha.

Mkataba nao usome neno kwa neno. Ruggero Deodato, mwelekezi Mtaliano, alitengeneza Cannibal Holocaust, iliyotoka mwaka 1980, na akawatia waigizaji wake wakuu saini kwamba wasionekane katika vyombo vya habari kwa mwaka mzima, ili watazamaji waamini kwamba wameuawa kweli. Filamu ilikamatwa mjini Milan, mwelekezi akashtakiwa, na ikamlazimu awatafute waigizaji wale wale ili ithibitike kwamba wako hai. Watu hupenda kukisimulia kisa hiki kama ujanja wa biashara. Mimi huwafikiria wale vijana: walikuwa wamefanya kazi ngumu msituni Amerika Kusini, filamu ikazungumzwa dunia nzima, na katika mwaka ambao mwigizaji anapaswa kujitokeza ili apate kazi nyingine, wao walitakiwa wajifiche. Tena wanyama waliochinjwa mbele ya kamera waliuawa kweli, na hilo halitetewi na sanaa yoyote.

Kwa upande wa Kenya, filamu hutawaliwa na Sheria ya Filamu na Michezo ya Jukwaani, Sura ya 222. Upigaji filamu wa kibiashara unahitaji leseni, na filamu haionyeshwi hadharani kabla ya kupitiwa na Bodi ya Uainishaji wa Filamu. Usiingie kazini kabla ya kuiona leseni kwa macho yako. Fahamu pia kwamba filamu inaweza kusifiwa ng'ambo na kufungiwa hapa. Filamu ya Rafiki, ya mwelekezi Wanuri Kahiu, ilipigwa marufuku nchini mwezi Aprili 2018, mwezi mmoja kabla ya kuwa filamu ya kwanza ya Kenya kuchaguliwa rasmi katika tamasha la Cannes. Mwezi Septemba mwaka huo Mahakama Kuu iliiruhusu kwa siku saba tu, na mwaka 2020 mahakama hiyo ikaunga mkono marufuku. Samantha Mugatsia, mmoja wa waigizaji wake wakuu, alituzwa mwigizaji bora wa kike katika FESPACO, tamasha la filamu za Afrika kule Ouagadougou, Burkina Faso, mwaka 2019. Tuzo ni tuzo, lakini wakati ule nchini kwake watu walipata wiki moja tu ya kwenda sinema kumtazama. Nawe jiulize kama ungeridhika na hali hiyo, kwa sababu yawezekana ikawa yako.

Sheria nyingine ziko upande wako, na watu wengi hawazitumii. Sheria ya Hakimiliki ya mwaka 2001 inamtambua mwigizaji kuwa na haki zake katika uigizaji wake, na ya Makosa ya Mtandao ya mwaka 2018 inaadhibu usambazaji wa picha za siri za mtu. Hili lina uzito kwako kuliko tamasha lolote, kwa sababu kitakachofika kwa jirani yako si filamu nzima yenye maana yake, bali kipande cha sekunde 20 kwenye simu. Kwa hiyo mkataba useme picha zisizotumika zitafutwa lini, nani anazishika, na kwamba hakuna simu itakayoingia mahali pa kazi siku ya onyesho la kudhalilishwa. Useme pia, kwa maandishi, ni sehemu zipi za mwili zitakazoonekana, mwenzako atakugusa wapi, na neno lipi ukilisema kazi inasimama bila kuulizwa sababu. Tangu mwaka 2018 kampuni kubwa za runinga za Marekani zimeanza kuajiri wasimamizi wa maonyesho ya faragha, ambao kazi yao ni kuyapanga maonyesho hayo hatua kwa hatua kama watu wanavyopanga ngoma au pigano la panga. Filamu ya bajeti ndogo ya Mombasa huenda isimudu msimamizi wa namna hiyo, lakini kupanga hakuna gharama. Mwanamke unayemwamini, awe mwigizaji mwenzako au dada yako, na awepo pale siku nzima.

Sikuambii uikatae filamu. Sisi tunazihitaji kazi zinazotazama dhuluma usoni bila kuipaka rangi, na mwanamke wa pwani anayeweza kuibeba nafasi ya namna hiyo kwa ustadi ni hazina. Ninachokuambia ni usikubali leo. Mwandikie mwelekezi wako ujumbe wa adabu, umwambie nafasi umeipenda, na kwamba utampa jibu baada ya siku saba tangu siku utakayopokea mswada kamili, kuanzia ukurasa wa kwanza hadi wa mwisho. Mwulize pia ni waigizaji gani wa kike amewahi kufanya nao kazi, kisha uwatafute uzungumze nao, yeye akiwa hayupo. Akikasirika kwa sababu ya maswali hayo, nafasi hiyo iache. Akikuletea mswada, usome mara ya kwanza peke yako, na mara ya pili kwa sauti, ukisimama kila unapofika kwenye tendo ambalo hungependa kulirudia mara kumi siku moja, kwa sababu huenda likarudiwa. Ukimaliza ukiwa bado unaitaka, niandikie tena, nami nitakueleza namna ya kuuandaa mwili, pumzi na sauti kwa onyesho lile zito, na namna ya kujiondoa ndani yake jioni kabla hujarudi nyumbani.